Marehemu Aliyekuja Kumwona Mtoto

Mume wangu alikuwa karani mjini Kisii, na kwa mambo ya majina hakumwamini mtu. Kifungua mimba wetu alipozaliwa, miaka ya sitini, alimfuata padri amweleze jina la ubatizo lina maana gani na linatamkwaje. Padri alichoka, mimi nikachoka zaidi.

Jina la nyumbani halikumpa shida. Kwetu mtoto hupewa jina la jamaa aliyekufa. La aliye hai haliguswi. Akachagua la baba yake mdogo, aliyekwenda Uganda zamani kutafuta kazi akapotelea huko. Tukaanza kumwita mtoto hivyo.

Siku ya karamu ya mtoto, nyumbani Manga, tukiwa tunakula kuku, marehemu akaingia uani na sanduku la bati begani. Alimpakata mtoto, akauliza anaitwa nani. Mume wangu, bingwa wa kuhakikisha, akainamia sahani yake.

“Bado hana jina, shemeji,” mama mkwe akajibu. “Tunalingoja.”

Mzee alimtazama mume wangu, akatutazama sote, akaelewa. Akavuta kiti karibu na kuku.

“Basi mtangoja sana,” akasema.