Hilda Mickle Ajaribu Kuwa Mwingereza

Wazazi wake kule Molde, Norwei, walimwita Borghild Myklebust. Alipofika London kuigiza, wakala wake alilitazama jina hilo kama mtu aliyeletewa kabati na hajui litapita mlango upi. Akalikatakata, likabaki Hilda Mickle. Lafudhi ndiyo iliyokataa kukatwa.

Kwa hiyo miaka yote tuliyopanga naye vyumba kwa Bi Pardoe, pale Earl's Court, Hilda hakuwahi kuigiza Mwingereza. Alikuwa jasusi wa Kirusi, muuguzi wa Kijerumani, binti mfalme wa nchi isiyo kwenye ramani. Na hakukawia kufa. Tukienda sinema kumtazama, Bi Pardoe alikataa kutoka hata kununua aiskrimu. "Nikirudi nitamkuta ameshapigwa risasi," alisema.

Mwaka 1955 televisheni ikampa nafasi: mke wa daktari, Mwingereza halisi, jina lake Marjorie. Mchezo ulipangwa kurushwa moja kwa moja Jumapili jioni, kisha Alhamisi waigizaji walewale waucheze upya. Mtayarishaji, Bwana Alcott, hakumficha. "Nikisikia Norwei hata chembe, unarudi Urusi."

Bi Pardoe akajipa ualimu. "Kaza mdomo, mpenzi, kama umeonja siki na unaona haya kusema."

"Hivi?"

"Hapo umekuwa bata. Rudia."

Jumapili tulifunga mapazia tukabanana sebuleni mbele ya televisheni. Sehemu ya kwanza Hilda alikuwa Mwingereza kuliko sisi. Alijigonga kwenye kiti akakiomba radhi. Ikaja meza ya asubuhi. Alcott alitaka mvuke uonekane, kwa hiyo mayai yalikuwa ya kweli, na Hilda, aliyeshinda njaa kwa woga, akayafagia yote. Alitakiwa kunyanyuka na kwenda dirishani kimya. Akanyanyuka, akamgeukia mumewe wa mchezoni, akamshukuru kwa chakula. Kwa Kinorwei!

Kwao mtu haachi meza bila neno hilo. Sisi tulilisikia kila siku, hata baada ya kabichi ya Bi Pardoe, ambayo ilistahili kuombewa msamaha badala ya kushukuriwa. Lakini yule mume hakuwahi kulisikia. Alibaki na kijiko hewani, kisha akasema, "Haya, Marjorie, asante nawe."

"Amekwisha," alisema Bi Pardoe. "Warusi wanampangia chumba."

Kesho yake Alcott alipiga simu, nasi wote ghafla tukawa na shughuli kwenye ngazi, karibu kabisa na simu. Sauti yake ilifika hadi ghorofa ya pili.

"Watazamaji wamelipenda lile neno! Wanadhani mke na mume wana lugha yao ya siri. Liseme tena Alhamisi."

Hilda akajibu, "Marjorie hajui Kinorwei, Bwana Alcott."

"Nani anajali? Wamelipenda!"

"Wamependa kosa langu. Kama unalitaka, andika kwamba Marjorie katoka Molde."

"Mchezo ukipooza, ni juu yako!"

"Ni juu yangu," akasema, akakata simu. Kisha akakaa chini palepale.

Alhamisi alimaliza mayai. Akanyanyuka. Mdomo ukafunguka, Bi Pardoe akanifinya mkono, na mdomo ukafungika. Hilda akakunja kitambaa chake cha kufutia mdomo taratibu, akaenda dirishani. Tusidanganyane, Jumapili ilinoga zaidi.

Gazeti la Ijumaa lilimpa mstari mmoja: Bi Mickle alikuwa mke wa Kiingereza mkamilifu, kiasi cha kuchosha. Hilda alitusomea sisi sote, kisha akaenda kumsomea muuza maziwa mlangoni.

"Wee Hilda, umesikia lakini?" aliuliza Bi Pardoe. "Wamesema unachosha."

"Mkamilifu," akasema Hilda, akaniomba nikamnunulie nakala nyingine ya kumpelekea mama yake.