Mkono wa Mama Mkwe kwenye Breki

Mbithi hukata vioo. Duka lake liko nyuma ya soko la Machakos, limebanwa kati ya muuza rangi na kinyozi, na ukipita asubuhi utamwona ameinamia meza iliyotandikwa blanketi kuukuu, akikwaruza mstari mmoja kisha akiugonga kwa kidole. Kioo kinaachana bila kelele. Mimi hajawahi kuniharibia dirisha hata moja. Nasema hivyo mapema kwa sababu mambo nitakayosimulia yatamfanya aonekane mtu wa ovyo, na Mbithi si mtu wa ovyo. Ni mtu anayeamini kwamba mikono iliyozoea kioo inaweza kazi yoyote, basi.

Ni jirani yangu huku Katoloni. Uani kwake hulala Probox nyeupe ya kubebea vioo, na kila inapolala chini ya jeki, ujue jeki ni yangu.

Mke wake anaitwa Ndanu, na mama yake Ndanu ni Kamanthe, mjane anayeishi huko juu kwenye vilima vya Iveti pamoja na binti yake mdogo, Mbinya. Sasa, kwetu Ukambani mwanamume na mama mkwe wake wana mipaka. Hamshiki mkono, hataji jina lake, hakai naye peke yao chumbani, na wakikutana kwenye kijia mmoja hupisha. Tunaiita nthoni. Neno hilohilo ndilo tunalotumia kwa aibu na kwa heshima ya wakwe, na sisi hatuoni kwamba ni mambo mawili. Vijana wa siku hizi wameilegeza, wanapiga picha wamekumbatiana na wakwe zao. Mbithi hakulegeza hata uzi. Miaka yote ya ndoa yake alimwamkia yule mama akitazama miti.

Mwaka huu mtoto wa jicho alimziba Kamanthe jicho la kulia, na la kushoto likaanza kufuata. Hospitali ikampa tarehe ya kupasuliwa. Miaka yote alikuwa hapandi gari la mkwe, alishuka mjini kwa pikipiki akiwa amejifunga leso hadi masikioni. Lakini pikipiki na jicho bovu havipatani, Mbinya akamkatalia. Ndipo mama akatuma neno kupitia Ndanu, akimwita Mbithi kwa jina la mtoto wake kama inavyotakiwa: "Mwambie Baba Mwelu nitapanda gari yake."

Mbithi alifurahi kama aliyechaguliwa mzee wa kanisa. Alinipa habari hiyo asubuhi, akanirudia nayo jioni. Alikwishapanga mpaka kioo cha dereva cha kuonea nyuma, kwamba atakiinua kitazame dari, macho yake yasije yakakutana na ya mama.

Tatizo lilikuwa breki ya mkono. Ilikuwa imelegea, ukiegesha mahali penye mteremko gari linasogea kidogo kama mbuzi anayetafuta kamba. Ndanu akamwambia aipeleke gereji.

"Niende gereji na niko na mikono?" Mbithi akasema. "Mama akiingia kwa hiyo gari, nataka nijue kila nati nimekaza mimi mwenyewe."

Basi Jumamosi akaja kuchukua jeki. Akainua nyuma, akaweka mawe chini, akatoa magurudumu yote mawili. Breki za nyuma za gari lile zimo ndani ya dramu, kitu kama sufuria iliyofunikwa. Ukifunua unakuta vipande viwili vya breki vilivyopinda kama mwezi mchanga, springi za kuvivuta, na katikati yao kijiti cha skrubu chenye kigurudumu cha meno. Mafundi hukiita ajasta. Kazi yake ni kurefuka kidogo kidogo kadiri breki zinavyolika, zisiache nafasi. Kinarefuka chenyewe kila unapokanyaga breki.

Mbithi alifungua pande zote mbili kwa mpigo. Vumbi jeusi lilikuwa limejaa humo, na mtu wa vioo havumilii uchafu. Akachukua beseni la kufulia la Ndanu, akamimina petroli, akatia kila kitu cha kulia na cha kushoto humohumo, akasugua kwa mswaki hadi vikang'aa. Akavianika juu ya gunia. Ungedhani ni vijiko vya harusi. Kisha akarudisha, akakaza kwa bisibisi hadi gurudumu likawa zito kuzunguka, akavuta breki ya mkono, akaniita nisukume. Nilisukuma. Gari halikutikisika.

"Umeona?" akasema. Nikakubali kwamba nimeona. Alisimama pale na grisi hadi kwenye viwiko, na mtu angemwuliza saa hiyo angesema hata injini ya ndege anaweza kuifungua.

Siku ya hospitali wakapanda Iveti, yeye na Ndanu. Ile barabara ina kona na mashimo, unakanyaga breki kuliko unavyobadilisha gia. Boma la Kamanthe liko juu, na chini yake shamba linashuka kwa matuta hadi mtoni. Mbithi aliliegesha gari pua ikitazama juu, matako yakitazama shamba. Alipovuta breki ya mkono ilipanda juu kuliko ilivyokuwa nyumbani. Aliisikia hiyo mkononi. Alikuja kuniambia mwenyewe kwamba aliisikia, na kwamba alijiambia ni mpya, itazoea.

Mbinya akatoka na jiwe la kuweka nyuma ya gurudumu, kama wafanyavyo kwa kila gari linalofika pale.

"Hiyo ya nini?" Mbithi akamwuliza. "Breki nimetengeneza mimi."

Mbinya akarudisha jiwe alikolitoa. Kamanthe akaja polepole na fimbo yake, akafunguliwa mlango wa nyuma, akaketi. Injini ilikuwa inanguruma kwa sababu betri ilikuwa mbovu na Mbithi hakutaka kuizima, gia ameitoa. Ndanu akakumbuka kadi ya hospitali imebaki ndani, akarudi nyumbani na Mbinya kuitafuta.

Hapo mtu mwingine yeyote angekaa kwenye kiti cha dereva akangoja. Mbithi angewezaje? Kukaa peke yake garini na mama mkwe? Akashuka, akafunga mlango taratibu, akaenda kusimama nyuma ya ghala, mahali ambapo hawezi kumwona wala kuonekana. Aliniambia kwamba alisimama pale akijisikia mkwe mwema kabisa.

Gari lilianza kusogea bila haraka. Aliposikia mchanga ukilia chini ya matairi akachungulia, na Probox ilikuwa tayari imetoka uani ikirudi kinyumenyume kwenye mahindi, mama ameketi wima nyuma kama yuko kanisani. Mbithi akakimbia. Akashika mpini wa mlango, ukamponyoka. Gari likavuka tuta la kwanza, likaingiza matako kwenye la pili, likakwama limeinama upande, gurudumu moja hewani.

Akafungua mlango. Kamanthe alikuwa amelalia upande wa pili, leso imemtoka, kichwa cha mvi ki wazi. Mama akanyoosha mkono. Na Mbithi, niseme kweli, akasita. Alisimama akiutazama ule mkono.

"Nishike, wewe!" mama akasema. "Nthoni ndio itanitoa humu?"

Akamshika. Akamtoa mzima, goti tu limechubuka, akamketisha kwenye tuta. Majirani walikuwa wanashuka mbio, Ndanu na Mbinya mbele yao, Ndanu analia. Mbithi alikuwa anatetemeka midomo. Alikuwa ameona ndani ya gari kwamba breki ya mkono iko juu, juu kabisa, vilevile alivyoiacha. Kila mtu alikuwa anauliza imekuwaje.

"Ni mimi," Kamanthe akasema. "Nimeshika kale kamti kako katikati ya viti, nikifikiria ni pa kujishikilia. Nikasikia kameshuka."

Mtu mmoja akacheka, na kicheko cha hofu iliyoisha kikawakamata wote.

"Aii mwaitu!" Mbinya akamwambia mama yake kwa Kikamba, akipiga makofi. "Umekuwa dereva?"

Lakini Ndanu hakucheka. Hofu yake ilitoka kwa mdomo mwingine. "Kwani wewe ni mtoto, unashika shika vitu? Ungekufa na ungeua mtu! Huyu amefanya kazi siku nzima kwa hii gari juu yako!" Akamgombeza mama yake mbele ya watu, naye mama akainamisha kichwa akitafuta leso yake kwenye majani.

Mbithi alifungua mdomo. Akaufunga.

Wakalisukuma gari likatoka, wakashuka mjini kwa gia ya kwanza, na mama akapasuliwa jicho siku hiyohiyo. Upasuaji ulikwenda vizuri. Mimi nilimkuta Mbithi kesho yake amekaa chini uani, dramu zote zimefunguliwa, ajasta moja mkononi. Alikuwa anakizungusha kile kigurudumu cha meno kwa kidole gumba, mbele na nyuma.

"Angalia," akaniambia. "Hii ni ya upande ule."

Skrubu ya kulia na ya kushoto zimechongwa kinyume, moja hukaza kwa kwenda mbele, nyingine kwa kurudi. Beseni lilizichanganya. Kwa hiyo kila alipokanyaga breki njia nzima ya Iveti, badala ya kujikaza zilikuwa zinajifungua. Alikuwa akimlegezea mama breki kwa mguu wake mwenyewe, kona baada ya kona.

"Sasa utamwambia Ndanu," nikasema.

"Nitamwambia."

Hakumwambia. Alizirudisha mahali pake, safari hii upande mmoja kwanza, na breki zikashika sawasawa, lakini lile neno lilikataa kutoka. Kila siku ilipopita likazidi kuwa zito, kwa sababu hadithi nayo ilikuwa imepata miguu. Kina mama wa kanisa la Kamanthe walimpa jina Dereva. Muuza mboga alimwuliza kama leseni imefika. Ndanu aliisimulia kila palipokaa watu, na aliisimulia vizuri, anarudi nyuma kwa kiti kuonyesha gari lilivyoshuka, watu wanashika mbavu. Kila ilipofika hapo, Mbithi alikumbuka kwamba ameacha kitu dukani. Alikonda. Nami nilikuwa nimeanza kumkasirikia, nikimwona asubuhi ananisalimia akitazama ua.

Kilichonikera zaidi ni hiki: mipaka yote ya nthoni aliendelea kuishika. Hakuukaribia mlango wa mama, hakutaja jina lake. Ile ya kuona haya kwa kusitiriwa na mwanamke mzee, hiyo aliiweka mfukoni.

Mbaazi zilipokomaa wakapanda tena Iveti kuvuna, na jamaa wengi walikuja. Mchana Kamanthe aliketi nje ya jiko na ungo mapajani, anachambua mbaazi. Jicho lile lilikuwa limepona, alikuwa anaokota vijiwe vidogo ambavyo Mbinya hakuviona. Ndani, Ndanu alikuwa amewapata wageni wapya. Mbithi alisikia kiti kikiburutwa sakafuni, kikirudi nyuma, na kicheko kikipasuka. Safari hii hakuondoka. Akasimama kwenye kona ya jiko, mgongo amempa mama kama inavyotakiwa.

"Mwaitu."

"Naam, Baba Mwelu."

"Ile siku ya gari, wewe hukugusa kitu."

Mbaazi ziliendelea kugonga ungo. "Najua," akasema.

"Hendibreki ilikuwa juu. Ni mimi nilifunga breki vibaya."

"Hiyo pia najua. Niliiona iko juu. Nilikuwa nimebaki na jicho moja, baba, si kwamba sikuwa na macho."

Mbithi aliniambia kwamba masikio yalimwaka moto, na kwamba angetamani mama amtukane.

"Sasa mbona ulisema ni wewe?"

"Ulikuwa unatetemeka. Nikaona aibu itakuangusha hapo mbele ya watu. Nikasema wacha nikushikie kidogo, mpaka upate pumzi." Akatupa kijiwe. "Nilijua utasema, hapana, si mama, ni mimi. Nikangoja. Ndanu akinigombeza nikangoja. Tukaingia gari nikangoja mpaka hosipitali. Wakati wananifunga jicho nikasema pengine sasa anamwambia."

Mbithi aligeuka, akamtazama mama mkwe wake usoni kwa mara ya kwanza tangu amfahamu, na mama hakuyakwepesha macho yake. Kisha Kamanthe akaweka ungo chini, akapaza sauti kuelekea nyumbani.

"Ndanu! Kuja hapa! Baba Mwelu ako na neno."

Ndanu akatoka akijifuta machozi ya kicheko kwa upindo wa leso, wageni wawili watatu wakimfuata mlangoni.

"Neno gani?" akauliza.