Mkono wa Apolot

Apolot wa kijiji cha Mella alijua kulima, kupalilia, kuvuna na kupura. Kitu kimoja tu hakuthubutu: kumwaga mbegu ya wimbi kwa mkono wake mwenyewe. Kila mwaka mvua ilipokaribia alimwendea shangazi yake Amoit, aliyeolewa boma la jirani, akamwomba aje ammwagie. Amoit alikuja, akamwaga, wimbi likaota. Naye Apolot alilipa kwa mgongo. Alipalilia shamba lote la shangazi, wiki mbili ameinama, ndipo arudi kuyakuta magugu yake mwenyewe yamekomaa.

Ungemuuliza sababu, angekufungulia kiganja cha kulia kana kwamba kimeandikwa. Alipokuwa na miaka tisa, kwao Merikit, mama yake aliugua akamtuma yeye akamwage mbegu. Haikuota hata punje. Mama, ana njaa na ana homa, akamwambia, "Mkono wako huu ni wa kuua." Pengine aliyasahau maneno hayo jioni ile ile; wazazi tuna midomo mirefu na kumbukumbu fupi. Alikufa bila kuyafuta, na mtoto akakua nayo.

Mwaka wa 1964, mawingu yalipoanza kunguruma upande wa Mwamba wa Tororo, Amoit alikuwa kitandani, nyonga imemvimba, hata chooni anashikwa mkono. Apolot alimwendea na kikapu cha mbegu. Ghala lake lilikuwa tupu, na mbegu ile ndiyo iliyobaki. Mumewe Etyang, kibarua wa kiwanda cha saruji, aliwahi kumwaga mwaka mmoja, wimbi likaota mabaka mabaka kama kichwa chenye mapunye. Kumwachia tena ilikuwa kuchagua njaa.

"Shangazi, nitakubeba mgongoni mpaka shambani. Utamwaga umekaa."

"Unibebe kama gunia?" Amoit alifoka kwa maumivu. "Mwaga mwenyewe. Mimi nachoka na hii mambo ya mkono."

"Unajua nitaua mbegu. Ile ya Merikit nilimwaga mimi, ikakufa yote."

"Ile mwaka nani alipata? Mimi namwaga, inakufa. Baba yako anamwaga, inakufa. Mvua ilikataa, Merikit yote tulikula majani. Wewe mtoto wa miaka tisa ndiye ulifunga mvua?"

Apolot alikitua kikapu chini. Majani yale aliyakumbuka, hata uchungu wake ulimi ulikuwa nao bado. Lakini kila alipoikumbuka njaa ile aliona shamba moja tu, la mama yake, na yeye amesimama katikati. Mashamba ya wengine hakuwahi kuyatazama.

"Shangazi, ulijua siku zote?"

Amoit aligeukia ukuta.

"Palizi yako ilikuwa nzuri," akasema.

Usidhani Apolot alitoka pale akirukaruka. Alitoka na hasira, na hasira yenyewe ilikuwa imechoka. Asubuhi aliingia shambani, akachota mbegu, nyingine zikamwangukia miguuni. Utaua, moyo ulimwambia. Akamwaga. Kila hatua moyo ulimwambia, na kila hatua akamwaga, mpaka kikapu kikaisha. Kisha akaburuta matawi ya miiba juu ya udongo kuifukia mbegu, akaenda kulala mchana kama mgonjwa.

Siku ya sita wimbi lilikuwa limechomoza, jembamba, shamba zima. Apolot alilitazama bila kuamini. Labda ni mvua tu, akajiambia, si mkono wangu. Hapo akili yake ikasimama. Ikiwa hili ni la mvua, basi na lile la Merikit lilikuwa la mvua. Hakuna mahali pengine pa kuliweka. Akakaa chini kwenye udongo, mtu mzima wa miaka arubaini na mitano, akalia. Alizililia palizi zote zile.

Majuma matatu baadaye Ariokot, mkwe wa Amoit, alimkuta ameinama na jembe.

"Mama, shangazi yako anauliza utakuja kumpalilia lini. Magugu yanafika magotini."

Apolot hakuinuka. Kiuno kilimuuma palepale kilipomuuma kila mwaka.

"Mwambie pole ya nyonga, jioni namletea uji," alisema. "Lakini mwaka huu nachokea shambani kwangu."