Shimo la Kusomea

Jamani, mimi nimewahi kumcheka dada yangu wakati anakufa. Sitanii.

Ilikuwa Gisenyi, likizo ya mwaka 1999. Familia yetu ilikuwa imerudi kutoka ukimbizini Karagwe miezi mitatu tu. Mimi Kimenyi na dada yangu Keza tulikuwa darasa moja, mtihani wa taifa unatukodolea macho.

Nyumbani kelele tupu. Nikagundua shimo kubwa kwenye mawe meusi ya volkano, nyuma ya mashamba. Kimya, ubaridi, hata mbuzi hapiti. Nikajiona mjanja kuliko wenyeji wote.

Nikawa nasoma humo kutwa, chakula cha mchana nakiruka. Kichwa kinagonga, nasema ndiyo kusoma kwenyewe huko.

Keza alisoma asubuhi, saa kumi anakwenda kucheza voliboli. Ilinikera! Kila saa kumi nilifunga daftari, nikaenda uwanjani kumgombeza.

"Voliboli itakufanyia mtihani?"

"Kaka, njoo ucheze na wewe. Umebaki mifupa."

Wiki ya tatu nikamshtaki kwa baba. Voliboli ikapigwa marufuku, Keza akanifuata shimoni amenuna.

Siku hiyo hakukuwa na upepo. Mimi nilikaa juu ya jiwe, yeye akajilaza kifudifudi chini na kitabu chake. Saa kumi ikapita, hatukutoka.

Mara namwona ameangukia kitabu.

"Msomi kalala!" Nikacheka.

Nikamtupia kijiwe mgongoni. Kimya. Nikatazama vizuri: midomo imebadilika rangi.

Nikainama kumnyanyua. Kifua kikanibana palepale.

"We mutoto, usiiname! Mazuku iko hapo!"

Alikuwa mama Mukankusi, jirani yetu, anatoka shambani. Akatupa jembe, akashuka.

"Funga pumzi! Kamata mukono yake, tuvute!"

Tukamburuta hadi juu. Keza hapumui. Mama akampulizia hewa mdomoni, tena na tena. Mimi naita jina lake tu.

Akakohoa.

Nilijikojolea, na sioni haya kusema.

"Mazuku ni hewa mubaya, inatoka chini ya udongo, jioni upepo ikilala inajaa kwa shimo," mama akasema. "Mbuzi zetu zilikufa humu. Umekaa siku ngapi?"

"Wiki tatu."

"Wiki tatu! Na bado uko muzima? Ulikuwa unatoka saa ngapi?"

"Saa kumi. Kwenda kumgombeza Keza uwanjani."

Akanitazama sana.

"Bon. Basi ile mupira ya dada yako ndiyo ilikuwa inakutoa humu."

Nikakaa chini kando ya Keza. Mchezo ule ule niliompokonya.

Wanafunzi, someni kwa bidii, lakini kuleni, laleni, chezeni. Kichwa kikiuma, usijisifu, toka nje. Na mkihamia ugenini, waulizeni wenyeji kwa nini mahali fulani hapakai mtu.

Keza hajawahi kunilaumu hadi leo. Afadhali angenilaumu.