Stendi Nne Nyekundu

Kifo cha dada yangu nilikipaka rangi mwenyewe, Jumapili mchana, huku napiga mluzi.

Ngoja niwaeleze.

Dada ni fundi magari. Mtaani wanamwita Mama Spana, na gereji ni yake. Mimi mdogo wake nilipoachishwa kazi kiwandani, mtu mzima na ndevu zangu, alinipokea nimsaidie.

Shida yangu ni usafi. Ile gereji ilinikera! Spana zimezagaa, makopo yameota kutu. Jumapili hiyo dada hayupo, nikasema leo namfurahisha. Nikafagia, nikatundika spana zote ukutani, kisha nikachukua rangi nyekundu nikapaka kila chuma nilichokiona.

Zikiwemo stendi za jeki, vile vyuma vya miguu mitatu vinavyobeba gari likishainuliwa ili fundi aingie chini. Tulikuwa nazo nne, urefu sawa. Mbili za njano, mbili za buluu. Nikaona hazipendezi. Zote nyekundu! Hata namba zilizogongwa kwenye chuma nikazifunika, rangi nzito, mara mbili.

Jumatatu asubuhi dada akaingia, akazunguka, akaguna.

"Mh! Umepania."

Kwa dada, hiyo ni sifa kubwa.

Hatujakaa sawa, muuza vigae akaleta gari lake la mzigo. Springi ya nyuma imekatika, na vigae vimejaa mpaka juu.

"Pakua kwanza," dada akamwambia.

"Mama, nina haraka. Kupakua ni mpaka kesho."

Dada akalizunguka gari, akahesabu maboksi kwa kidole. "Haya. Mdogo wangu, lete stendi kubwa."

Nikaokota mbili zilizokuwa karibu. Kubwa ipi tena? Si zote zinalingana?

Gari likakaa juu ya stendi, jeki nikaiondoa. Dada akatandika turubai chini ya gari, akavua kandambili zake, akateleza chini kwa mgongo.

Mara muuza vigae akakumbuka simu yake kaiacha juu ya vigae. Akashika mlango wa nyuma apande.

"Wee! Mtu yuko chini!"

"Sekunde moja tu, kaka."

"Hata nusu!"

Tukavutana, yeye mguu mmoja juu, mimi nimemkamata shati. Ndipo nikasikia kriii.

Stendi ya kushoto. Mguu wake mmoja ulikuwa unapinda taratibu, na rangi yangu inabanduka vipande vipande. Chini yake nikaona buluu.

Kumbe zile rangi zilikuwa na maana!

"Dada, toka!"

Hatoki.

"Dada! Toka!"

Kandambili zake zilikuwa palepale. Nikakimbilia jeki, nikajikwaa, nikaanguka nayo. Gari likashuka kwa kishindo, vigae vikapasuka humo ndani. Muuza vigae akashika kichwa. Mimi nilipiga yowe ambalo sikujua kama ninalo, nikawa nalivuta turubai lake lililobanwa, navuta, haliji.

"Wewe!" Sauti ikatoka nyuma yangu. "Spana yangu namba kumi na saba umeificha wapi?"

Nikageuka. Dada kasimama peku mbele ya ukuta wangu uliopangika, kafura kwa hasira. Wakati sisi tunavutana, alitokea upande wa pili akaenda kutafuta spana ambayo miaka yote hukaa kwenye kopo mlangoni. Kishindo na makelele alidhani ni muuza vigae anapakua.

Kisha akaliona gari.

Hakunigombeza. Mtu anayegomba tangu alfajiri, siku hiyo alikaa juu ya tairi akaomba maji.

"Ni mimi," nikamwambia, nalia kama mtoto. "Mimi ndiye niliyezipaka."

Akanywa maji, akakiweka kikombe chini.

"Njano zinabeba tani sita," akasema mwishowe. "Buluu tani mbili. Na hizo ni zote mbili kwa pamoja, siyo kila moja. Mimi nami nilizoea kuangalia rangi tu, namba sizisomi. Nina kosa langu."

Tulikwangua rangi siku nzima, mpaka namba zikaonekana. Ile iliyopinda tumeitundika mlangoni, kila fundi aione.

Jamani, usafi ulitaka kuniulia dada, na usafi huohuo ukamtoa chini ya gari. Bahati ya hivyo usiitegemee mara mbili. Kabla hujaingia chini, soma namba kwenye chuma, hesabu na mzigo uliomo. Namba isiposomeka, usiingie. Macho hayapimi uzito.

Na spana ya kumi na saba? Iko kwenye kopo lake lenye kutu, mlangoni. Sithubutu kuigusa.