Mikeka ya Harusi Haikukatwa na Upepo

Kuna rambirambi ambazo ukizisoma unaukumbatia mkoba wako. Habari za kifo cha rafiki yangu, mbunifu wa mandhari ya filamu, zilinifikia hapa Garissa kwa ujumbe wa mtu aliyemwajiri zamani. Mstari wa kwanza: Inna lillahi. Wa pili: je, daftari lake la michoro liko kwako? Maiti haijazikwa. Nilimshusha mwanangu, nikausoma tena, labda nimekosea. Sikukosea.

Kazi yake wengi hawakuijua. Unamwona mwigizaji, lakini nyumba anayoingia, birika lililo jikoni, hata vumbi la mlangoni, yupo aliyeketi akaviwaza. Alifanya hivyo miaka, filamu baada ya filamu, na huku kwetu akajulikana kwa aibu moja: ile filamu ya harusi iliyopigwa karibu na Tarbaj, ambamo bibi harusi anaingizwa kwenye aqal, nyumba yetu ya mikeka, iliyochanika kama gunia la makaa. Aqal ya bibi harusi hujengwa na mama yake na wanawake wa ukoo, na mikeka hufumwa kwa miezi. Ukimwingiza binti kwenye matambara, umesema hana mama. Sokoni wakamwita "yule aliyetuvua nguo". Shangazi yake, aliyemwazima mikeka na kurudishiwa vipande, akaacha kuitikia salamu yake.

Mimi nilikuwepo, nikiwapikia chai. Aqal aliyoijenga ilikuwa nzima, ya kutamanisha. Mwongozaji akaizunguka, akasema, "Hii nzuri mno. Watu watajuaje kama hawa ni maskini?"

"Wewe siku ya harusi yako ulivaa kandambili?" rafiki yangu akamjibu.

Tukacheka. Mwongozaji hakucheka. Tulikwenda kuswali adhuhuri, tukarudi tukakuta mikeka imekatwa. Upepo, wakasema. Upepo gani unaokata mstari ulionyooka? Kamera ikawashwa hivyo hivyo. Nilimwambia rafiki yangu aseme. "Abaayo, dada yangu, nikisema leo, kesho hakuna atakayeniita kazini." Akanyamaza, nami nikanyamaza naye. Kunyamaza kwangu kunaniuma sasa kuliko kifo chenyewe.

Siku ya tatu ya msiba walifika wawili wa ile filamu, na kamera. Wanataka kumuenzi, eti. Nikawauliza watamuenzi kwa kurasa zipi, maana daftari ni nene. "Zile za harusi tu," akajibu mmoja, haraka kidogo kuliko inavyopasa.

Nikawaacha uani na vikombe vyao. Nikaingia kwa wanawake, nikalifungua daftari, aliloniachia nimtunzie, mapajani mwa shangazi yake. Aqal nzima, kila mkeka na nakshi yake, na chini mwandiko wa marehemu, ambaye shangazi yake alimwita eddo kama sisi sote: "Mikeka ya eddo. Irudi bila doa."

Shangazi akapitisha kidole juu ya nakshi. "Huu ni wangu," akasema. "Nani aliukata?"

"Sikumwona, eddo. Ila wanaoitaka karatasi hii wako nje wanakunywa chai."

Akaanza kutafuta viatu vyake.

Waliondoka bila daftari. Nanyi mnaonisoma, msimhukumu mtu kwa picha kabla hamjajua kisu kilishikwa na nani. Na wewe uliyekuwepo ukaona, sema mapema, mwenzako angali anasalimia watu na hawaitikii. Shangazi sasa anamwombea dua kila swala. Salamu zake zote zile, ni nani atakayeziitikia?