Bibi Lusia na Maji ya Lambo

Mimi watu wa kunong'ona siwawezi, kwa hiyo habari za jirani yangu Bibi Lusia nitazisema kwa sauti. Alikuwa mjane, mkulima wa pamba hapa Kishapu, mwenye ng'ombe mmoja na macho yaliyokuwa mekundu kwa moshi wa kuni wa miaka nenda rudi. Huku kwetu macho hayo yamewaponza vikongwe wengi, wakaitwa wachawi.

Mwaka jana Edson, mfanyabiashara wa mjini, alijenga banda kubwa la nguruwe juu ya lambo tunalonyweshea mifugo. Haukupita muda, maji yakageuka kijani, mazito kama mlenda. Vyura wakanyamaza. Ukisimama pale jioni unasikia pumzi yako tu. Kisha ndama wakaanza kufa mmoja mmoja, tukiwakuta wamepiga magoti, vichwa vimeelekea majini.

Ng'ombe wa Bibi Lusia hakufa. Kwani angekufaje? Alifungwa nyumbani, akinyweshwa maji ya kisima alichochimba bibi kwenye mchanga wa mto. Lakini nani alitaka kusikia hayo! Mayala, kamanda wa sungusungu, walinzi wetu wa jadi, aliwakusanya watu wakaamua bibi atengwe. Asiombwe wala asipewe moto, asisalimiwe.

"Mwangaluka," bibi anasalimia njiani. Milango inafungwa mbele yake, huu, halafu ule, na hakuna hata mtoto anayelia. Mimi nilimwitikia, nikatozwa mbuzi. Nikamtoa huku nawatukana.

"Ng'wanawane," aliniambia, maana mimi alinihesabu mwanawe, "ukishatengwa, kinachofuata ni panga. Mimi nataka nife kwa uzee wangu, basi."

Akaenda kwa mtendaji wa kijiji, dada mmoja anaitwa Loveness, akalalamika kwamba banda la Edson linachafua maji. Loveness hakumcheka. Akamwita afisa mazingira kutoka wilayani, Mhunze, nasi tukamfuata hadi lambo, tukishikilia pua. Akafukua nyasi chini ya banda. Bomba hilo hapo! Lilikuwa likimwaga uchafu wa nguruwe majini polepole.

Afisa akaeleza mbele ya mkutano mzima kwamba uchafu ule ndio uliokuza ule ukijani, na ukijani ndio wenye sumu. Edson akaamriwa aondoe bomba na achimbe shimo la uchafu mbali na lambo. Akatii. Masika yalipokwisha maji yalikuwa yametakata, ndama wanakunywa na kurudi nyumbani wazima. Mimi nikapiga vigelegele mpaka koo likaniuma. Jamani, nilifurahi!

Asubuhi moja tumekaa kwake tunachambua mchicha, Mayala akaja. Kavua viatu mbali kabisa, kashika kuku mweusi.

"Shikamoo, bibi."

Uso wa bibi ukachanua. "Marahaba, baba! Karibu, karibu kiti."

Hakukaa. Alipiga magoti palepale kwenye vumbi, mwanamume mzima na mvi zake. "Bibi, kuna mtu kanipora shamba. Mfanyie kama ulivyomfanyia Edson."

"Wee Mayala!" nikafoka. "Ni serikali ile! Bomba si uliliona kwa macho yako?"

"Niliona, Mama Noela," akasema taratibu, bila kuinua macho. "Lakini serikali lini imetusikiliza sisi? Yeye aliita mara moja tu, wakaja."

Akamweka kuku mlangoni, akarudi kinyumenyume hadi barabarani.

Tangu siku hiyo wote wakamsalimia, wakiwa wameinama. Walimwachia kuku, mtama, chumvi, lakini hakuna aliyekunywa hata maji kwake. Akipita, watoto wanafichwa nyuma ya kanga za mama zao.

Bibi akauza ng'ombe wake, akafunga mizigo aende Nkome kwa binti yake. Nilimbembeleza huku nalia. Nikamwambia, bibi, si umeshinda?

"Maji yalipochafuliwa nilijua ofisi ya kwenda," akasema. "Hili la sasa, ng'wanawane, nikalishitaki kwa nani?"